Siku Walipompima Sengi

Harufu ya dawa ya kuchua misuli hunichefua. Juzi nilipanda bodaboda hapa Geita, na dereva alikuwa amejipaka shingoni. Kabla hatujafika sokoni nilimgonga begani nikamwambia anishushe. Akageuka kuniangalia, akidhani labda nimeona mtu ninayemkimbia. Nikamlipa nauli yote, nikamalizia safari kwa miguu juani, huku nikitema mate pembeni mwa barabara kama mjamzito. Wa rika langu mtanielewa nikisema kuna harufu haziishii puani. Hushuka zikakaa tumboni miaka na miaka.

Ilikuwa harufu ya chumba cha sengi yangu. Kwetu Usukumani sengi ni shangazi, dada wa baba, na wangu aliitwa Minza. Alikuwa beki wa kati. Sisemi alikuwa akipenda mpira, maana wanaopenda mpira ni wengi. Nasema mpira ulikuwa kazi yake. Aliuanzia kwenye michezo ya shule pale kwetu Kagongwa, akachezea Shinyanga, kisha timu ya wanawake ya Katoro ikamsainisha mkataba, ikampangishia chumba kimoja chenye dirisha la nondo. Mama yangu alipojifungua mdogo wangu aliugua muda mrefu, na baba alikuwa machimboni Nyarugusu, haonekani. Ndipo nikatolewa Kagongwa nikapelekwa kuishi na sengi. Nilikuwa darasa la tatu.

Mwanzoni yeye mwenyewe ndiye aliyenitia kinyaa. Nilizoea shangazi za watu wengine, wenye miguu iliyopakwa hina au mafuta, na huyu wangu alikuwa na miguu ya kutisha. Kucha mbili zilikuwa nyeusi, moja haikuwepo kabisa, na mahali pake palikuwa na nyama laini ya rangi ya ulimi. Akirudi mazoezini soksi zilikuwa zimegandana na vidonda, ikabidi aloweke miguu kwenye beseni ndipo azivue polepole, akiuma meno. Maji yale yaligeuka rangi ya chai ya rangi. Kazi ya kwenda kuyamwaga ilikuwa yangu, nami niliyabeba nimebana pumzi na kugeuza uso, nikijiapiza kwamba mimi nikikua nitakuwa mtu wa kukaa ofisini.

Kisha akanipeleka kumwona akicheza.

Uwanja ulikuwa wa shule, changarawe tupu, na nyuma ya goli la upande mmoja makarasha yalikuwa yakisaga mawe ya dhahabu kutwa nzima, kiasi kwamba filimbi ya refa ilisikika kwa shida. Nilitarajia kumwona sengi akikimbia. Hakukimbia. Wenzake wote walikuwa wakihangaika huku na huku, yeye akitembea, akinyoosha kidole, akimwita mmoja, akimrudisha mwingine. Krosi ikipigwa, wote wanatazama juu, na mpira unashuka juu ya kichwa chake kana kwamba walikuwa wameagana. Mshambuliaji wa wageni, msichana mwenye mbio kama swala, alimjia mara sita na mara sita akajikuta hana mpira, anautafuta miguuni mwake kama mtu aliyeangusha ufunguo. Sengi hakumgusa hata mara moja.

"Dume hilo!" mwanamume mmoja alipiga kelele pembeni yangu. "Dume la mbegu!"

Na wote wakaitikia, "Dume! Dume!"

Nilidhani ni cheo. Kapteni anavaa kitambaa mkononi, refa ana filimbi, na sengi yangu ni dume. Jumatatu shuleni nilimtangazia kila mtu, hadi mwalimu wa zamu, kwamba nakaa na dume la timu ya Katoro. Maji ya beseni niliendelea kuyamwaga nimebana pumzi, lakini sasa nilikuwa nayamwaga kwa fahari.

Timu ilikuwa na mtu aliyeitwa Meneja. Alikuwa mnunuzi wa dhahabu, mnene, mwenye sauti laini na viatu safi siku zote, jambo lililonishangaza kwa vumbi lile la Katoro. Ndiye aliyenunua jezi, ndiye aliyelipa mishahara. Nikimpita dukani kwake naenda shule, "Shikamoo Meneja," naye, "Marahaba mama, hujambo?" kwa heshima, kana kwamba mimi ni mtu mzima. Nilimpenda. Naandika hili kwa shida, lakini nilimpenda.

Siku moja aliniita ndani natoka shule. Akaniagizia chipsi mayai na soda ya chungwa ya baridi, akaninunulia na pipi, akakaa mkabala nami akinitazama ninavyokula. Akaniuliza habari za shule. Akaniuliza kama sengi ananitunza vizuri. Kisha, kwa sauti ileile laini, akauliza kama tunalala kitanda kimoja. Nikasema ndiyo. Akauliza anaogea wapi. Nikasema bafu la uani, kama wapangaji wote. Akauliza kama nimewahi kumwona ameanika vitambaa au ana pedi, na mimi, ambaye sikujua vitu hivyo ni vya nini, nikasema hapana, hatuna.

"Na usoni?" akasema. "Sengi yako mbona uso wake mgumu hivi? Ananyoa?"

Nilifurahi. Hatimaye nilikuwa na jambo kubwa la kumwambia. Nikamweleza kwamba sengi ana ndevu tatu hapa, chini ya kidevu, nene, na kila Jumapili anazing'oa kwa kucha mbele ya kioo. Nikamwonyesha na mahali penyewe kwenye kidevu changu kwa kidole chenye mafuta ya chipsi.

"Si ndiyo maana ni dume?" nikamalizia.

Meneja akatabasamu, akanipangusa mdomo kwa leso yake. Leso ilikuwa na manukato. Hata leo nikikumbuka ile leso midomoni mwangu natamani kujisugua.

Nilichokuwa sikijui, nilikuja kuambiwa baadaye na mama. Timu ya Geita mjini, ile yenye msichana wa mbio, ilikuwa imefungwa na Katoro siku ile, na viongozi wake wakaandika barua ya malalamiko kwamba sisi tunachezesha mwanamume. Ligi ilikuwa inaelekea ukingoni. Meneja aliogopa tutanyang'anywa pointi. Badala ya kuichana ile barua, au kumwita sengi wakazungumza kama watu, alianza kuchunguza mwenyewe kimyakimya. Na akaanza na mimi.

Jumamosi iliyofuata sengi aliitwa dukani kwa Meneja asubuhi. Tulikwenda pamoja kwa sababu baadaye tulikuwa tupitie sokoni. Nyuma ya duka kulikuwa na chumba kidogo cha kupimia dhahabu, chenye meza na mizani. Tulimkuta Meneja na wanaume wengine wanne wa kamati ya timu kwenye benchi barazani, wanatafuna karanga. Ndani walikuwepo wake wawili wa wanakamati na mwanamume mmoja mwenye duka la dawa, ambaye watu walimwita Dokta ingawa hakuwa daktari. Meneja akazungumza na sengi kwa sauti ya chini. Niliona mgongo wa sengi ukikakamaa.

"Mnasema nini?" akauliza.

"Ni kwa faida yako, dada. Wakija wao tuwe tayari tuna jibu. Dakika mbili tu."

Alisimama akautazama mlango wa kile chumba. Najua sasa alichokuwa akikifikiria, maana alikuja kunieleza. Kulikuwa na timu ya Dar es Salaam iliyokuwa imepiga simu mara mbili kumuulizia, na Meneja ndiye aliyeshika barua ya kumruhusu ahame. Sengi akaingia. Mlango haukuwa na kitasa, wakauzuia kwa kiti kwa ndani.

Mimi nikapangwa kwenye benchi, katikati ya wanaume.

"Sengi anafanya nini?" nikauliza.

"Tulia mama," Meneja akasema. "Wanampima."

Nilikuwa nimeshaona watu wakipimwa. Fundi cherehani wa Kagongwa aliwahi kunipima sare za shule, kifua, kiuno, urefu wa mkono, na baada ya wiki zikaja nguo mpya. Tena nilikuwa nimesikia fununu za Dar es Salaam.

"Jezi mpya?" nikauliza.

Benchi zima likaangua kicheko. Mmoja alipaliwa na karanga, akapigwa mgongoni, machozi yakamtoka. "Jezi mpya!" wakarudia. "Ee, mama, wanampima jezi!" Walicheka wakajishika mbavu. Na mimi, kwa kuwa niliona nimewachekesha watu wazima watano kwa mpigo, nikacheka pamoja nao, kwa nguvu, miguu ikining'inia, nikasema tena "Jezi mpya!" ili wacheke zaidi.

Nimeona mambo mengi ya kutia kinyaa katika maisha yangu. Nimeishi mji wa machimbo. Hakuna ninachokionea kinyaa kuliko kicheko changu kile.

Katikati ya kelele zetu nilisikia sauti ya sengi kutoka ndani, si kubwa. "Inatosha." Kikapita kitambo. "Nimesema inatosha."

Kiti kikaburuzwa. Dokta akatoka wa kwanza, anajifuta vidole kwa kitambaa, kimoja kimoja, kama mtu aliyetoka kula ugali. Akatikisa kichwa kukubali. "Ni mwanamke," akasema. "Kamili kabisa."

Wakashangilia. Wakapeana mikono, wakakumbatiana kama goli limeingia dakika ya mwisho. Meneja akatuma watu wakalete nyama choma na soda kwa wote. Wale wanawake wawili walitoka wameinamisha macho. Mmoja alipita karibu nami akanishika kichwa kidogo, kisha akaenda zake bila kuaga. Sengi alitoka mwisho. Alikuwa amefunga kamba za viatu upya, mafundo mawili mawili.

Nyama ilikuwa imeshafika, nami nilikuwa na kipande mdomoni.

"Usinune, dada," Meneja akamwambia, akimsogezea sahani. "Tumekulinda. Tungefanyaje na wewe, wakati hata mtoto wako wa nyumbani anasema una ndevu?"

Sengi akanitazama. Hakukunja uso. Alinitazama tu, kama anavyomtazama mtu uwanjani akijaribu kukisia atakwenda upande gani. Kile kipande cha nyama kiligoma kushuka. Kilikaa shavuni, kinakuwa kikubwa, mafuta yake yanaganda, nami sikujua ni kwa nini ninataka kulia. Tulipofika nje nikakitema mtaroni.

Hatukwenda sokoni. Sengi alichemsha maji, akaoga, akachemsha mengine, akaoga tena, mara tatu, hadi mpangaji mwenzetu akauliza kama bafu amelinunua. Kisha akafunga mlango, akachukua kopo la dawa ya kuchua na kujipaka. Siku zote alikuwa akijipaka gotini tu. Siku hiyo alijipaka mikono, shingo, tumbo, mapaja, mgongo hadi pale mkono ulipofika, akisugua kama anayetaka kujichoma. Chumba kikajaa ile harufu, machozi yakanitoka, koo likaniwasha.

"Unaumwa wapi, Sengi?"

"Pote," akasema.

Kuanzia siku ile alianza kunipakulia chakula changu kwenye sahani yangu peke yangu. Kabla ya hapo tulikuwa tunakula sahani moja. Nilidhani nimekua.

Habari zilisambaa Katoro nzima. Hakuna aliyezitangaza, lakini kila kijiwe cha bodaboda kilijua. Mechi iliyofuata mashabiki wetu wenyewe walimwimbia "Mwanamke kamili! Mwanamke kamili!" wakidhani wanampa moyo. Alicheza vibaya siku hiyo. Kwa mara ya kwanza nilimwona anaukimbilia mpira.

Mechi ya marudiano na Geita ilichezwa kwao. Tulikwenda na basi la kukodi, mimi nimekaa miguuni mwa wachezaji. Timu zilikuwa zimeshapasha misuli moto, ndipo kiongozi mmoja wa wenyeji akaja na karatasi akasema wao hawautambui upimaji wa Katoro. Walikuwa na wanawake wao. Chooni, nyuma ya jukwaa, wampime wenyewe kabla ya mpira kuanza, la sivyo watakata rufaa. Kamisaa wa mechi alisoma karatasi ile, akaikunja, akasema, "Kubalianeni wenyewe," kisha akaenda kutafuta kivuli.

Jukwaani wakaanza kuimba. "Apimwe! Apimwe!" Karibu nami alikaa mzee wa heshima zake, amevaa koti, na alikuwa akimweleza mwenzake, kwa mikono yake miwili, namna watu wanavyopimwa. Nilitazama ile mikono. Niliitazama hadi mwisho. Hapo neno lile, kupimwa, likageuka kichwani mwangu. Tepu ya fundi cherehani ikaondoka, nikaona kiti nyuma ya mlango, nikaona vidole vya Dokta na kile kitambaa, nikasikia kicheko cha benchi, na ndani ya kicheko kile nikasikia changu. Nilitapika palepale, juu ya viatu vya yule mzee.

Nilipoinua kichwa, Meneja alikuwa amemshika sengi mkono kando ya mstari. Nilikimbia nikashuka kwao.

"Dakika mbili, Minza. Kule ulikubali, hapa kuna tofauti gani?"

"Kule nilikosea," sengi akasema.

"Utatukosesha ubingwa."

Sengi akavua kitambaa cha ukapteni, akamfunga mkononi kipa wetu, ambaye alikuwa analia. Akamnong'oneza kitu, nadhani kuhusu yule msichana wa mbio, maana alimwonyesha upande wa kushoto. Kisha akaniona, akanyoosha mkono, nikaushika.

"Ukitoka hapo usirudi," Meneja akapaza sauti. Ile sauti laini haikuwepo tena. "Na jezi uiache! Jezi ni ya timu!"

"Jezi utaifuata Kagongwa," sengi akasema.

Tulipita mbele ya jukwaa lote. Walitutupia maganda ya karanga, chupa za maji, mmoja alitutupia gunzi la muhindi lililokwisha kutafunwa, likanigonga sikioni, lenye mate. Sengi alitembea kama anavyotembea uwanjani, bila haraka, ameninyanyulia mkono wangu juu kidogo ili nisijikwae. Stendi tulipanda basi la Kahama, yeye amevaa jezi, bukta na njumu, na abiria wote njia nzima walijifanya wanatazama nje.

Alikuwa na miaka ishirini na mitano. Dar es Salaam hawakupiga simu tena. Timu nyingine mbili zilimuulizia, na zote mbili ziliuliza kwanza kama zile habari ni za kweli. Akakaa Kagongwa, akaanza kupepeta mchele kwenye mashine ya kukoboa, baadaye akanunua gunia lake, sasa ana duka la mchele. Aliolewa na fundi wa mashine, mtu mpole. Alipojifungua mtoto wa kiume watu walifurika nyumbani kumpongeza. Wengine walikuja kumwona mtoto. Wengine walikuja kuhakikisha, na walikuwa wakiniuliza mimi, jikoni, kama kweli ananyonyesha.

Mwezi uliopita nilipigiwa simu nikiwa saluni kwangu. Sauti laini. Sikuhitaji kuambiwa ni nani. Alisema namba yangu amepewa na mteja wangu, alisema nimekua, alisema sasa soka la wanawake limepanda na wanaandaa siku ya kuwaenzi waasisi wake. Wangempa sengi cheti na ngao. "Mwambie sengi yako hatujamsahau. Alikuwa mwanamke wa shoka."

Nilikwenda Kagongwa mwenyewe kumpelekea ujumbe, maana sikutaka kuusema kwenye simu. Nilimkuta dukani anachambua mawe kwenye ungo wa mchele. Nikamsalimia, nikamweleza. Akaendelea kuchambua.

"Mwambie nimekufa," akasema, akacheka kidogo. Kisha akaacha kucheka. "Hapana, usimwambie hivyo. Mwambie nipo, na siji."

Nilikuwa nimebeba neno langu miaka yote ile, nikaona nisipolitoa siku hiyo sitalitoa tena. "Sengi, mimi ndiye niliyewaambia habari za kidevu. Nilinunuliwa chipsi."

"Najua."

"Nilikuwa mtoto."

"Najua ulikuwa mtoto." Akatupa kijiwe nje ya mlango. "Lakini nilikuchukia. Usidhani sikukuchukia. Nilikuwa nakutazama umelala najiambia, huyu kesho namrudisha kwao. Na hata tuliporudi huku niliendelea. Mwaka na zaidi."

Nikamuuliza iliisha lini.

"Ulipovunja ungo," akasema. "Mama yako alikuwepo nyumbani, wifi zangu walikuwepo, ukawapita wote ukaja kwangu huku unalia, ukaniuliza mimi. Nikakuchanea khanga yangu. Hapo ikaisha."

Aliusogeza ungo katikati yetu, tukachambua pamoja hadi ukaisha. Kisha nikatoka uani nikampigia Meneja. Nilimwambia yupo, na haji.

"Kwa nini tena?" akauliza. "Bado ana hasira? Kwani tulimkosea nini?"

Haikuwa dharau. Nilisikiliza vizuri, nikitafuta dharau ndani ya sauti ile, sikuipata. Mtu yule hakuwa akikumbuka. Nikaegemea ukuta, nikaanza kumsimulia toka mwanzo, taratibu, nikimtajia karanga, kiti, mlango usio na kitasa. Alikata simu kabla sijafika kwenye ile siku ya uwanjani.